Tathmini ya ICD-10-CM: je, inawatendea haki walioumwa na wanyama zamani?

ICD-10-CM, orodha ya misimbo ya magonjwa na majeraha inayotumika Marekani tangu tarehe 1 Oktoba 2015, husifiwa au kulaumiwa kwa wingi wa misimbo yake. Hapa naipima kwa kazi moja tu: kumwandika mgonjwa aliyeng'atwa zamani, ambaye jeraha lake lilikwisha kupona lakini likamwachia kovu, ganzi, kiungo kisichokunjuka au hofu isiyomtoka. Kwa kazi hiyo naiona bora kuliko ICD-10 ya Shirika la Afya Duniani iliyoizaa, ingawa inamdai mtumiaji uangalifu mkubwa.

Ubora huo unaonekana mara tu orodha hizo mbili zinapowekwa pamoja. Katika ICD-10 ya kimataifa, athari za baadaye za jeraha la wazi la mkono huingia kwenye T92.0, na chanzo chake, kikiwa ni ajali ya mbwa, huingia kwenye Y86 pamoja na mabaki ya ajali nyingine nyingi, kiasi kwamba msomaji wa takwimu hawezi tena kujua kwamba palikuwa na meno. ICD-10-CM imeliacha kundi hilo la jumla na badala yake inautumia msimbo uleule wa jeraha la awali, ukiishia na herufi S katika nafasi ya saba.

Chukua mgonjwa mwenye kovu linalovuta ngozi ya mkono wa kulia kwa sababu ya mbwa aliyemng'ata miaka mingi iliyopita, naye amekuja kutibiwa kovu hilo. Unaotangulia ni msimbo wa tatizo lililomleta, yaani L90.5 wa kovu, unafuata S61.451S, jeraha la wazi la kung'atwa mkono wa kulia, kisha W54.0XXS, kung'atwa na mbwa, ambamo herufi mbili za X zinajaza nafasi tupu ili S ikae mahali pake. Mistari mitatu hiyo inaeleza anachougua, kilichomjeruhi, mahali alipojeruhiwa na hata upande wa mwili. Angekuwa paka, mstari wa mwisho ungekuwa W55.01XS. Meno ya binadamu nayo yanatenganishwa kwa busara: W50.3 ikiwa ilikuwa bahati mbaya, Y04.1 ikiwa lilikuwa shambulio. Sumu ya nyoka ina mlango wake katika T63.

Utaratibu huo unapendeza, lakini ndimo makosa yanamoingilia. Herufi S hukaa kwenye msimbo wa jeraha na wa chanzo chake, wala haiwekwi kwenye ule wa kovu. Herufi D, inayofanana nayo machoni pa mtu mwenye haraka, ni ya mgonjwa ambaye jeraha lake bado linapona na anafuatiliwa kwa kawaida. Swali la kujiuliza ni moja: je, kinachotibiwa leo ni jeraha lenyewe, au ni kitu kilichozaliwa nalo? Hakuna ukomo wa muda. Athari inaweza kujitokeza mapema au baada ya miaka mingi, na mwongozo rasmi unaikubali vilevile. Nalipongeza hilo kwa dhati, kwa kuwa mtoto aliyeng'atwa usoni anaweza kuhitaji upasuaji wa kovu akiwa mtu mzima, na madai yake ya bima hayapaswi kuonekana kama jambo lisilo na asili.

Orodha yenyewe haiwezi kuziba pengo la maelezo ya daktari. Daktari akiandika "kovu la mkono" bila kulihusisha na kung'atwa, mweka misimbo haruhusiwi kukisia uhusiano huo hata kama faili la zamani linaonyesha mbwa. Inambidi amrudie daktari amuulize. Ni kazi ya ziada, na mfumo hautoi kikumbusho chochote. Hofu nayo ina njia yake: msongo wa kudumu unaofuata tukio la kutisha huandikwa F43.12, lakini ni lazima daktari awe ameutambua na kuutaja.

Kasoro ninayoiona kubwa zaidi inahusu ule mstari wa tatu. Hakuna sharti la nchi nzima linalolazimisha kuripoti misimbo ya vyanzo vya majeraha, isipokuwa pale jimbo au kampuni ya bima inapoitaka. Kwa hiyo W54.0XXS inaweza kuachwa bila kuvunja kanuni, S61.451S itabaki kusema kwamba mkono uling'atwa, na mnyama aliyeung'ata hatajulikana. Ningependa kila mweka misimbo auandike mstari huo hata asipodaiwa, mradi daktari amemtaja mnyama.