Kalipa ya kupimia kisogo bapa: inunuliwe na kituo cha afya, si na mzazi

Utepe wa kupimia mzunguko wa kichwa, ule unaotumika kwenye kliniki za watoto kote Uganda, hauwezi kukuambia kisogo kimebonyea kiasi gani. Mtoto wa miezi minne anaweza kuwa na mzunguko wa sentimita 41, namba nzuri kabisa kwenye kadi yake, na bado kisogo chake upande wa kulia kimelala kama ukuta na sikio la upande huo limesogea mbele. Kifaa kinachoona tofauti hiyo ni kalipa ya kichwa: mikono miwili iliyopinda kama pembe za ng'ombe wa Ankole, yenye vifundo vya mviringo kwenye ncha na skeli ya milimita. Hapa tunaipima kwa kazi hiyo moja tu, kupanga ukali wa ubapa.

Ukiwa dukani, anza kwa kuifunga na kusoma skeli. Vifundo vikigusana lazima isome sifuri. Kisha ipime na kitu unachokijua, kwa mfano boksi gumu ulilolipima kwa rula ya chuma. Za plastiki nyembamba zina kasoro kubwa: ukigusisha tu kichwa, mikono hunepa, na namba unayosoma haiaminiki. Chuma ni bora, lakini kiungo chake hulegea kadiri miezi inavyopita, kwa hiyo sifuri ikaguliwe kila asubuhi ya kliniki. Usikubali kuuziwa kalipa ya fundi wa gari badala yake. Taya zake zimenyooka na ni fupi, hazifiki mahali kichwa kilipo kipana, na ncha zake ni kali mno kwa ngozi ya mtoto.

Kupima kunataka watu wawili. Mmoja ampakate mtoto akiwa ameketi, kisogo kikiwa wazi, amshike chini ya kidevu kama shingo haijakaza, mwingine apime. Vipimo ni vinne. Urefu huanzia katikati ya nyusi hadi sehemu ya kisogo iliyochomoza zaidi. Upana huchukuliwa juu ya masikio. Ulalo wa kwanza hutoka ncha ya nje ya unyusi wa kulia, ukavuka kichwa hadi kisogo upande wa kushoto, yapata nyuzi 30 kutoka mstari wa katikati. Wa pili ni huohuo kwa upande mwingine. Vifundo viguse ngozi bila kubonyeza, na nywele nene zitenganishwe kwa kidole kwanza. Kila kipimo kirudiwe mara mbili, na ikiwezekana mpimaji awe yuleyule kila ziara.

Hesabu yake ni fupi: toa ulalo mfupi kwenye ulalo mrefu, gawanya kwa ulalo mrefu, zidisha kwa 100. Mizani inayotumika sana ni ya hospitali za watoto za Children's Healthcare of Atlanta, Marekani, yenye ngazi tano. Chini ya 3.5 ni kawaida. Kutoka 3.5 hadi 6.25 ni ubapa mdogo, hadi 8.75 wa wastani, hadi 11 mkali, na kupita 11 ni mkali sana. Hapa ndipo wengi hujikwaa. Chukua ulalo wa milimita 130 na wa 122. Ukigawanya kwa mrefu unapata 6.15, ubapa mdogo. Ukigawanya kwa mfupi, kama wengine wafanyavyo, unapata 6.56, na mtoto yuleyule amepanda ngazi. Kituo kichague njia moja na kuiandika kwenye daftari. Kumbuka pia kuwa kosa la milimita 1 tu kwenye ulalo kama huo hubadilisha jibu kwa karibu 0.8, kwa hiyo mtoto aliye mpakani apimwe tena kabla ya kumtisha mama yake.

Kisogo kilichobapa katikati, pande zote sawa, hakitaonekana kwenye hesabu hiyo. Gawanya upana kwa urefu, zidisha kwa 100. Ikipita 90, kichwa ni kipana kuliko kawaida.

Jambo ambalo kalipa haiwezi kabisa ni kutofautisha ubapa wa kulalia na mshono wa fuvu (maungio ya mifupa ya kichwa) uliofunga mapema, na hili ndilo linalotutia wasiwasi zaidi. Mwangalie mtoto kutoka juu. Ubapa wa kulalia hukipa kichwa umbo la msambamba, na sikio la upande uliobapa husogea mbele. Mshono wa nyuma ukiwa umefunga, umbo huwa kama trapeza, sikio mara nyingi huvutwa nyuma au chini, na mfupa nyuma yake huvimba. Mtoto huyo asisubiri ngazi yoyote. Apelekwe hospitali ya Mulago au CURE ya Mbale, kwenye upasuaji wa ubongo wa watoto. Kwa sababu hiyo pia utepe usitupwe. Kichwa hukua takriban sentimita 2 kwa mwezi katika miezi mitatu ya kwanza, na kikikimbia zaidi ya hapo, hasa baada ya maambukizi ya siku za mwanzo, fikiria maji kichwani.

Kituo kisicho na kalipa kinaweza kutumia macho kwa mpango wa daktari Argenta wa mwaka 2004, unaopanda ngazi tano: kisogo pekee kubapa, kisha sikio kusogea, paji kuchomoza, uso kupinda, na mwisho panja kuvimba au fuvu kurefuka kwenda juu.

Kwa mzazi, hela ya kalipa ina kazi nyingine. Mtoto aendelee kulala chali, kichwa kikigeuzwa kushoto na kulia kwa zamu. Akiwa macho alazwe kifudifudi dakika 3 hadi 5, mara mbili au tatu kwa siku, akisimamiwa. Na abebwe mgongoni kwa kitenge, maana huko kisogo hakikandamizwi. Shingo ikikataa kugeuka upande mmoja, aonwe na mtaalamu wa viungo. Mito ya kutengeneza kichwa msinunue: mamlaka ya dawa ya Marekani, FDA, ilionya dhidi yake mwaka 2022 kwa hatari ya mtoto kukosa hewa. Na kofia ngumu ya kurekebisha kichwa, inayovaliwa saa 23 kwa siku, haikuonyesha faida juu ya kusubiri katika jaribio la Uholanzi lililochapishwa mwaka 2014 kwa ubapa wa wastani hadi mkali.

Kituo kilichonunua kalipa kipime kwenye chanjo za wiki ya 6, 10 na 14. Baada ya hapo ratiba ya zamani huruka hadi miezi 9, na katika pengo hilo fuvu bado hugeuzika kwa urahisi. Weka tarehe ya miezi 6, siku ya vitamini A.