DVD mbili za Wichmann, nimecheka peke yangu kama chizi

Hizi DVD, filamu mbili za hali halisi kuhusu mwanasiasa mmoja wa Kijerumani, nimezipata mitumba hapa Berlin, bei ya kikombe cha kahawa, wala sikutegemea kitu. Aliyezitengeneza ni Andreas Dresen, mzaliwa wa Gera 1963, Ujerumani Mashariki ile ya zamani.

Ya kwanza, ya 2003, ni kampeni za 2002. Kijana wa CDU, chama cha wahafidhina, Henryk Wichmann, miaka 25, anagombea ubunge kule Uckermark, jimbo la Brandenburg, ambako chama chake hakina ujanja. Kamera inamfuata tu, hakuna mtangazaji wa kukutafunia. Jamaa anafungua mwavuli wa chama, anapanga vipeperushi, anasalimia kila mtu, watu wanampita kama nguzo ya umeme, na wanaosimama wanammwagia malalamiko yao yote ya dunia mpaka anabaki kuitikia tu. Nilicheka halafu roho ikanisuta, maana mi nishagawa vipeperushi vya saluni ya shangazi pale Kariakoo, ule uso naujua. Unatabasamu huku mdomo umekauka.

Akashindwa bana. Akapita Markus Meckel wa SPD, chama cha mrengo wa kushoto wa kati.

Sasa ya pili, 2012, Dresen karudi kwa jamaa yuleyule, safari hii kaingia bunge la jimbo kule Potsdam, ila anakaa safu ya tatu, nyuma ya vigogo. Anahangaikia mambo ya wananchi, kuna ya ndege tai wa kulindwa, na kuna hii ya treni: inafika stesheni ya Vogelsang, inasimama kabisa, ila milango haifunguliwi, hushuki. Hakuna mwandishi wa vichekesho angeitunga hiyo. Na Dresen hakonyezi mtazamaji hata kidogo, anakuachia uone mwenyewe, ndo maana Wichmann hageuki kikaragosi, unaanza kumuonea huruma na wala hukubaliani na siasa zake.

Ukishaziona hizi utaelewa filamu yake ya Halbe Treppe ya 2002 ilivyopatikana. Ile ni ya waigizaji, ila ilipigwa bila skripti ya maneno, pale Frankfurt ya mpakani na Poland, siyo ile ya mabenki. Jamaa anaitwa Uwe, ana kibanda cha chakula, mkewe anatembea na rafiki wa huyo Uwe, na nje ya kibanda kuna mpiga muziki mmoja anayemkera, akirudi kutazama wako wawili, mara kundi zima! Ilipewa tuzo ya Dubu wa Fedha kwenye tamasha la filamu la Berlin na ilistahili.

Kasoro: kopi zangu hazina maandishi ya Kiingereza, na wazee wa Uckermark wanameza maneno balaa, nilirudisha nyuma mara kibao. Kama una jioni moja anza na ya 2003. Ile ya 2012 ina vikao virefu, kimoja nilienda kuosha vyombo vyote vya juzi, narudi bado wanaongea.