Captain America: Civil War: Wenye nguvu wawajibike kwa nani?

Nimeitazama tena filamu ya Captain America: Civil War, iliyoongozwa na ndugu Anthony na Joe Russo mwaka 2016, na bado naiweka mbele ya filamu nyingi za mashujaa, kwa sababu inawagombanisha marafiki ambao kila mmoja wao ana hoja ya haki.

Kisa kinaanzia Lagos, ambako Wanda, mmoja wa mashujaa wa kikosi cha Avengers, akijitahidi kuwakinga watu waliojaa sokoni, anaurusha mlipuko juu nao unalipiga jengo lenye watu, wakiwemo raia wa Wakanda, nchi ya kubuni ya Afrika. Nchi 117 zinaunga mkono mkataba wa kukiweka kikosi hicho chini ya jopo la Umoja wa Mataifa. Steve Rogers, yaani Captain America, anakataa kutia saini, akihofia kwamba jopo lenye masilahi yake litawatuma wasikostahili kwenda na kuwazuia pale wanapohitajika. Tony Stark, yaani Iron Man, anakubali, na sababu yake tumeiona ukumbini karibu na lifti: mama mmoja, bila kupaza sauti, anamkandamizia kifuani picha ya mwanawe aliyekufa Sokovia, nchi ya kubuni ambako kikosi hicho kilipigana awali, na kumtajia jina lake. Robert Downey Jr., anayemwigiza Tony, anaipokea picha hiyo kwa uso uliopoa kabisa, na binafsi sijaona hotuba yoyote ndani ya filamu inayoutetea mkataba vizuri zaidi.

Ndiyo maana inaniuma kwamba waliokufa Lagos hawakupewa hata mmoja wa kuwalilia kwa jina. Pambano la uwanja wa ndege nchini Ujerumani linasisimua, lakini ni refu, na baada yake mkataba wenyewe unasahaulika. Ugomvi unageuka kuwa kisasi cha Tony kwa mauaji ya wazazi wake ya mwaka 1991, yaliyofanywa na Bucky, rafiki wa Steve.

Aliyenigusa zaidi ni T'Challa wa Chadwick Boseman, anayezungumza Kixhosa na baba yake, mfalme wa Wakanda anayechezwa na John Kani, dakika chache kabla ya bomu la Vienna kumuua mzee huyo. Filamu nzima anamwinda Bucky, asiye na hatia ya bomu hilo. Mwishoni, wakati Tony na Steve wakiumizana ndani ya ngome ya Siberia, yeye yuko nje kwenye theluji, karibu na muuaji halisi wa baba yake. Anarudisha ndani kucha za vazi lake la vita, kisha anamzuia asijiue, ili akahukumiwe.