Ngisi chapu wa Feri: ubao unasema kweli kwa kiasi gani?

Banda hili halina jina, lina ubao. Liko jirani na soko la samaki la Feri, Mtwara mjini, upande wanakosubiri abiria wa kuvuka kwenda Msanga Mkuu. Kwenye ubao kumeandikwa kwa rangi nyekundu NGISI CHAPU, na chini yake kwa chaki: pweza chapu, mihogo, soda baridi. Wateja nao wamelipokea hivyohivyo. Mtu anamwambia mwenzake "tukutane Ngisi Chapu" na wote wanaelewa ni wapi.

Kwa kuwa neno ndilo linalouzwa kabla ya ngisi mwenyewe, ni haki banda lipimwe kwa neno lake. Wengi wanaolilalamikia wanalipima kwa neno lingine. Wanasema "wameandika chapu halafu nimekaa dakika ishirini". Hapo anayelaumiwa ni haraka, wala si chapu.

Haraka hutazama saa: kazi imeanza lini, imekwisha lini. Upesi ni ndugu wa -epesi, kwa hiyo ndani yake mna wepesi wa mwili, mtu asiyeburuta miguu. Mbio ni la miguu, kasi ni la upepo, maji, gari na mashine. Ghafla halihusu mwendo hata kidogo, linamhusu aliyeshtukizwa. Asili yake ni ileile ya kughafilika, yaani kutokuwa na habari, na ndiyo maana bei ya unga huweza kupanda ghafla hata kama mwenye duka aliipigia hesabu wiki nzima. Ghafla ni kwa mnunuzi, mwenye duka alikuwa na habari zote.

Chapu liko mkononi. Ni tendo fupi, jepesi, linalokatika, la mtu aliyekwisha jiandaa na anayejua anachofanya. Ndugu yake ni chapua, kama katika "chapua miguu". Chukua kitenzi kimoja uone tofauti: bajaji ikisimama ghafla, abiria anagonga paji la uso kwenye chuma cha mbele, abiria akiambiwa asimame chapu, anatakiwa anyanyuke bila kujivuta. Kusimama ni kulekule, ila cha kwanza kimemkuta mtu hajui, na cha pili kinamtaka awe tayari. Vivyo hivyo mtu hufa ghafla, hafi chapu, labda kwa mzaha wa kijiweni.

Na lisemwe hili kuhusu ubao: kisarufi umekaa sawa. Chapu hushika nomino moja kwa moja bila kubadilika, huduma chapu, ngisi chapu, mikono chapu. Haraka na ghafla kwa kawaida hudai -a unganifu: huduma ya haraka, safari ya ghafla. Ukiandika "ngisi ghafla" umeandika kitu cha kutisha. Fasta nalo lingekaa vizuri ubaoni, lakini ni la vijana zaidi, na mzee anayetoka kuuza korosho zake angelipita bila kulitazama.

Basi tuje karaini.

Ngisi anaandaliwa asubuhi, na hapo hakuna chapu hata chembe. Kichwa kinavutwa taratibu kitoke na matumbo yake bila kupasua kifuko cha wino, unatolewa ule uti mwembamba ulio kama kipande cha plastiki, ngozi ya zambarau inachunwa kwa vidole, minyiri inakatwa chini ya macho na mdomo mgumu ulio katikati unabinywa utoke. Mwili unakatwa pete za upana wa sentimita 1. Kisu hapa kinakwenda chapuchapu, na kurudufu huko ni kwa maana: chapu ni pigo moja, chapuchapu ni mapigo mengi mafupi yanayofuatana. Anayesema "kata chapu" anataka kipande kimoja sasa hivi. Anayesema "kata chapuchapu" anakuachia dishi zima.

Hatua inayofuata ndiyo inayolitofautisha banda hili na mengi. Pete zinaoshwa, zinachujwa, kisha zinafutwa kwa kitambaa kikavu mpaka zinanata kidogo zikiguswa. Chumvi na ndimu haviguswi mpaka mteja ameagiza. Wapo wanaoloweka ngisi kwenye ndimu, tangawizi na kitunguu saumu tangu saa nne asubuhi wakidhani wanamlainisha. Ndimu inamkaza, ni kama kumpika nusu bila moto, na chumvi inamtoa maji ambayo yote yatakwenda kuishia kwenye mafuta. Banda hili linapaka kitunguu saumu kilichotwangwa, chumvi na pilipili manga dakika ile ya kuingia karaini, linagaragaza kwenye unga wa ngano uliochanganywa na kornflawa nusu kwa nusu, linakung'uta unga wa ziada. Ndimu inakuja mezani.

Mafuta ni kama lita 2 kwenye karai pana, na mkaangaji haweki zaidi ya gramu 300 kwa mkupuo, ambazo ni sahani moja na nusu. Kipimajoto hakipo. Anadondosha tone la unga uliokorogwa: likizama na kukaa chini, mafuta bado, likigusa chini na kupanda fyuu likiwa na mapovu madogomadogo pande zote, ni wakati wake, karibu nyuzi 180. Likipata rangi ya kahawia kabla hata hujalitazama vizuri, mafuta yamepita, karai inaepuliwa kidogo.

Kisha ndipo chapu lenyewe. Pete zinaingia moja moja lakini kwa mkono usiosita, zikishushwa karibu kabisa na mafuta, kuelekea upande wa mbali na mpishi. Shwaa! Zinageuzwa mara moja tu. Sauti kubwa ikianza kupungua, chujio la waya linapita chini na kuzinyanyua zote kwa mkupuo mmoja. Kwa saa ya simu ni sekunde 90, na hata sahani kubwa haifiki dakika 2. Mkono huu ni chapu kwelikweli. Hauna pupa wala papara, na ukiutazama kwa mbali unaweza kudhani mpishi hana kazi.

Kwa nini ngisi hataki mzaha na muda? Nyama yake imefungwa na nyuzi ambazo joto linapopanda hujikunja na kujikaza, na hazilainiki tena mpaka zipikwe muda mrefu, nusu saa na kuendelea, kwenye mchuzi au maji. Kwa hiyo ana milango miwili: utoke naye kabla ya dakika 2 au 3, au ukae naye kuanzia dakika 30 na kuendelea. Aliyemtoa dakika ya 8 anakula kandambili. Hapa "haraka" ni neno baya la kumpa mpishi, kwa sababu mpishi mwenye haraka anaongeza ngisi karaini ili amalize foleni, mafuta yanapoa, ngisi anatoa maji, na sasa anachemka badala ya kukaangwa. Haraka imeiua chapu.

Hilo ndilo linalotokea hapa kati ya saa kumi na mbili na saa mbili usiku. Foleni inakuwa ndefu, mkaangaji wa pili anaingia, na huyu hana mkono wa mwenzake. Anajaza karai mpaka mafuta yanakaribia ukingo. Utaijua sahani yake kabla hujaonja: unga umelowa, rangi imepauka, pete zimejikunja hadi zimeziba matundu. Ukiona hivyo irudishe bila kuona haya. Wakati mzuri ni saa tano asubuhi mpaka saa saba mchana, au usiku baada ya saa tatu foleni ikikatika, ingawa wakati huo mafuta yamechoka. Mafuta yaliyochoka yanatoa povu zito lisilokatika, yanakuwa meusi na yanafuka moshi mapema. Mafuta ya siku moja yanatosha kwa kazi ya siku moja. Kuyachuja na kuyaongezea mapya kesho, kama inavyofanyika hapa, ndiyo kasoro ambayo banda la kiwango hiki halipaswi kuwa nayo.

Kuna jambo moja ambalo wapishi wa nyumbani wangelijifunza kwa kusimama tu pembeni. Ngisi wadogo wanaokaangwa wazima hutobolewa kwa ncha ya kisu kabla ya kuingia karaini. Maji yaliyofungiwa ndani, yakigeuka mvuke, hutanuka zaidi ya mara 1,600. Yasipopata tundu la kutokea, ngisi anapasuka pwaa na mafuta yanaruka usoni. Hapo sasa neno ni ghafla, kwa kuwa mpishi hakujua. Mkaangaji wa hapa hashtuki, maana kila kinachoweza kuwa ghafla amekimaliza asubuhi kwa kitambaa na kisu.

Pweza ni habari nyingine, na hapa ubao unadanganya. Pweza haivi chapu. Yule wa kilo 1 mpaka 1.5 anataka kupondwapondwa au kugandishwa kwanza, kisha achemke kwa moto mdogo kama saa moja, na hujulikana ameiva kwa kuchoma kisu pale mnyiri unapoungana na kichwa: kikiingia bila kukwama, tayari. Kinachofanyika mbele yako, kumkata vipande na kumpitisha kwenye mafuta dakika moja, ni kweli chapu, lakini ni mkia wa kazi tu. Wakiishiwa na pweza aliyechemshwa huwa wanaharakisha sufuria inayofuata, na unaletewa nyama inayovutika kama mpira. Uliza kabla ya kuagiza: "Yupo aliyekwisha chemshwa?" Wangeandika "pweza tayari" wangekuwa wamesema kweli na hakuna mteja ambaye angepungua. Supu yake, kwa upande mwingine, haina lawama.

Mihogo ni mihogo. Soda ni baridi kama ilivyoandikwa.

Huduma ya mezani ina tatizo lake la lugha, na mgeni ajiandae. Ukiita, utajibiwa "nakuja mara moja". Maneno haya yana maana tatu: tukio moja lisilorudiwa, papo hapo bila kuchelewa, na muda mfupi tu. Mteja anasikia ya pili, mhudumu amesema ya tatu, na muda wake mfupi umewahi kuwa mrefu kuliko kukaanga sahani nne. Anayetaka kitu kifike simama kaunta, taja idadi, lipa palepale kwa fedha taslimu au lipa namba, na useme "kaanga chapu, usijaze karai". Watalielewa, wala hawatachukia.

Bei ni shilingi 6,000 kwa sahani ya gramu 200 pamoja na kachumbari na ndimu, na 9,000 kwa sahani kubwa, ambayo haina faida sana kwa mtu mmoja kwa kuwa ngisi akipoa hukaza. Kwa ngisi tunalipa banda alama 4 kati ya 5, ile moja imekwenda na mafuta ya jana. Kwa pweza 3. Hatulipigii chapuo; zamu ya jioni peke yake tungeipa 2.

Upatikanaji unafuata mwezi. Ngisi wengi huja usiku wa giza, wakati taa za wavuvi ndizo mwanga pekee juu ya maji. Mbalamwezi ikitanda, taa hazivuti kitu na banda hutegemea wa barafu. Pweza naye anafuata bamvua, maji yanapokupwa sana na mwamba kubaki wazi, mwezi mwandamo na mwezi mpevu. Ukitaka wote wawili wakiwa wabichi, njoo siku za mwezi mwandamo. Wa barafu si mbaya, ila mtazame kabla hajaingia unga: nyama iwe nyeupe, ikiwa imeanza wekundu wa waridi na harufu inapanda puani, agiza mihogo.

Wa kuvuka kwenda Msanga Mkuu hufungiwa ngisi kwenye foili, na hili ndilo kosa la mwisho. Foili iliyobanwa inashika mvuke, unga unalowa, na joto linaendelea kumpika ngisi njia nzima. Omba karatasi tu, mdomo ubaki wazi, ndimu ifungwe pembeni, na ikamuliwe ng'ambo.