Doai: stesheni inayokudai jasho kabla ya kukutoa nje

Treni iliniteremsha gizani. Nilikuwa nimetoka Minakami, mkoani Gunma, kaskazini mwa Tokyo, mwendo wa vituo viwili tu. Milango ikafungwa, taa za behewa la mwisho zikamezwa na handaki, tukabaki watu wanne kwenye jukwaa lenye unyevu, ukungu ukielea juu ya reli. Nje ilikuwa Agosti, joto la kutoka jasho ukiwa umekaa. Mle chini nilijuta kuacha sweta hotelini.

Hakuna mfanyakazi wa kumuuliza lolote, ila huwezi kupotea, maana njia ni moja: juu. Kibao kinakukaribisha kwenye stesheni namba moja ya fuko nchini Japani, fuko yule mnyama wa kuchimba mashimo, kisha kinakupa habari yenyewe bila huruma. Ngazi 462, urefu mita 338. Ukizimaliza, kuna ujia wa mita 143 na ngazi nyingine 24 mpaka getini. Jumla 486. Lifti hakuna. Ngazi za umeme nazo hakuna, ingawa pembeni nafasi yake iliachwa tangu mwanzo, na leo maji ya mlimani ndiyo yanayotiririka hapo. Hilo lilinichekesha kwa ngazi hamsini za mwanzo.

Sababu ya yote haya ni reli yenyewe. Handaki la kwanza kupenya milima hii kuelekea Niigata, mkoa wa upande wa pili, la Shimizu, lilifunguliwa 1931, na treni hupanda kwa kuzunguka ili kulifikia. Njia moja haikutosha. Mwaka 1967 likafunguliwa la pili, Shin-Shimizu, lenye mita 13,490, likachimbwa chini zaidi ili treni isipande sana. Stesheni ilikuwa tayari juu, basi jukwaa la treni za kwenda Niigata likawekwa ndani ya handaki, kama mita 70 chini ya jengo. Treni za kurudi Minakami bado zinapita juu, kwenye mwanga wa jua. Kwa hiyo stesheni ni moja, lakini kutoka jukwaa moja kwenda jingine ni safari ya dakika kumi na jasho.

Nilihesabu mpaka ngazi ya 200 hivi, pumzi ikanishinda na hesabu ikaniponyoka. Kuna mabenchi njiani, na usione aibu kuyatumia. Ukikaa, geuka utazame chini: mstari wa taa unashuka mpaka unakuwa kitone, na sauti pekee ni ya maji. Mimi nimezoea stesheni za nyumbani, treni haijasimama sawasawa karanga na mayai ya kuchemsha yameshafika dirishani. Ukimya wa namna ile ulinitisha kidogo, kisha ukanipendeza.

Nikiwa nimekaa akapita mzee mwenye mkoba wa kupandia milima, anashuka kwa fimbo, umri wake si chini ya miaka 70. Akainamisha kichwa akaniambia "otsukaresama", ambayo kwa Kiswahili ni kama pole na kazi. Ulimi ulitaka kumjibu shikamoo. Niliposimama, nilipanda bila kupumzika tena, kwa aibu tu.

Ujia wa juu unavuka mto Yubiso, kuna madirisha, na hewa ya joto inakupokea usoni kama umefungua oveni. Jengo lina paa la pembetatu kama kibanda cha wapanda mlima, na ndivyo lilivyotumika miaka mingi: hapa ndipo wanaokwenda mlima Tanigawa walishukia. Palipokuwa ofisi ya zamani ya stesheni sasa kuna mkahawa, na kahawa yangu ya baridi niliinywa kwa mikupuo mitatu.

Nyota nne. Ya tano nimeinyima kwa sababu ya treni: ni chache mno kwa siku, na ukikosa moja unaweza kukaa saa kadhaa ukihesabu misonobari. Mimi sikuangalia ratiba vizuri, kosa langu mwenyewe, nikaokolewa na basi la kwenda Minakami linalopita mbele ya stesheni. Ukienda, anzia Minakami ili ushukie chini. Ukija kutoka upande wa Niigata utashukia juu, na ngazi itabidi uzishuke na kuzipanda kwa hiari yako. Mwenye magoti mabovu, mjamzito au mwenye masanduku aje kwa basi aishie mkahawani. Viatu viwe visivyoteleza, kwani ngazi zina maji. Na ukitaka kupanda treni ya kwenda Niigata, ondoka getini mapema. Zamani, walipokuwepo wafanyakazi, geti la upande huo lilifungwa dakika 10 kabla ya treni, na baada ya kuzipanda zile ngazi sioni kama walikuwa wakali.