Saintpaulia ya dukani na ndugu zake: tathmini ya mnunuzi

Duka la maua ninalolitathmini liko Dar es Salaam, nami sitalitaja kwa jina kwa kuwa nina lawama kadhaa juu yake. Nililiendea kwa ajili ya Saintpaulia, ua dogo la zambarau lenye majani ya vinyweleo, ambalo limejaa madirishani Ulaya na Marekani ilhali kwao ni misitu ya Usambara na milima mingine ya Tanzania na Kenya. Chungu kidogo cha plastiki kiliuzwa shilingi 20,000, bei iliyo juu kwa mmea unaoweza kuoteshwa kutokana na jani moja tu, lakini mche wenyewe ulikuwa na afya: majani yalijipanga mduara bila pengo na vichipukizi vya maua vilijaa katikati.

Kasoro ya kwanza ilikuwa kibandiko, ambacho kiliuhesabu mmea huu miongoni mwa violeti za Ulaya na kumwagiza mnunuzi auweke kwenye jua la kutosha. Saintpaulia haina udugu na violeti hizo, kwa maana iko katika familia ya Gesneriaceae, na tangu mwaka 2015 wataalamu wa mimea wameiingiza ndani ya jenasi (kundi la spishi zenye udugu wa karibu) ya Streptocarpus. Porini huota kwenye miamba yenye unyevu, chini ya kivuli cha miti mikubwa, mara nyingi karibu na vijito. Mnunuzi atakayefuata maelezo ya kibandiko kile ataunguza majani kabla ya wiki kwisha, kisha atalaumu hali ya hewa ya Pwani.

Hali ya hewa ya Pwani, kwa kweli, inasingiziwa. Baadhi ya mimea iliyotumika kuipa spishi hii jina la kitaalamu ilitoka kwenye miamba ya chokaa karibu na mji wa Tanga, si mbali na usawa wa bahari. Walter von Saint Paul-Illaire, aliyekuwa mtawala wa Kijerumani wa eneo hilo, aliipeleka kwa baba yake Ujerumani, na mwaka 1893 Hermann Wendland wa bustani za Herrenhausen akaieleza rasmi. John Kirk alikuwa amekwisha kuichuma mwaka 1884, na W. E. Taylor mwaka 1887; huyu Taylor ndiye yule yule ambaye wapenzi wa mashairi ya Muyaka, mshairi wa Mombasa, wanamfahamu kwa kazi nyingine kabisa, yaani kuyakusanya mashairi hayo. Muuzaji aliniambia kwamba ua hili ni la Uholanzi. Sikumbishia sana, kwani nyingi zinazouzwa leo ni chotara zilizokuzwa ughaibuni, na biashara yake ilishika kasi Marekani baada ya kitalu kimoja cha Los Angeles kuagiza mbegu kutoka Ujerumani na Uingereza katika miaka ya 1920.

Niliyachagua maua yenye safu moja ya petali badala ya yale yaliyojikunja kama waridi, na ningemshauri mnunuzi afanye vivyo hivyo. Ukiliangalia kwa karibu, utaona petali tano, mbili za juu zikiwa ndogo kuliko tatu za chini, na katikati vifuko viwili vya chavua vya manjano iliyokolea. Kijiti cha kike hakisimami wima: katika ua moja huinama kushoto, na katika jingine kulia. Katika maua yaliyorundikana petali, mpangilio huo hufunikwa, na raha ya kulichunguza ua huishia hapo.

Huduma ilikuwa ya uchangamfu, ila matunzo hayakunipendeza. Majani ya miche kadhaa yalikuwa na duara za rangi iliyopauka, alama ambayo huachwa na maji ya baridi yanapomwagwa juu ya jani, na udongo ulikuwa mzito wa kushika maji. Nilipofika nyumbani niliuhamishia mche wangu katika mchanganyiko wa mboji ya majani, nyuzi za makumbi ya nazi na changarawe kidogo, nikawa naunywesha kupitia kisahani cha chini. Unachanua vizuri kwenye dirisha la kaskazini lenye pazia jepesi, mbali na kiyoyozi.

Kilichonivutia zaidi dukani hakikuwa Saintpaulia, bali ndugu yake Streptocarpus saxorum, aliyening'inizwa nyuma kabisa kwa shilingi 12,000. Naye ni mzaliwa wa milima ya Afrika Mashariki. Majani yake ni madogo na manene, na maua yake ya zambarau hafifu hukaa juu ya vikonyo virefu vyembamba. Tunda lake limejisokota kama kamba, tofauti na la Saintpaulia lililonyooka, na tofauti hiyo ndiyo mojawapo ya zilizofanya wahesabiwe jenasi mbili kwa zaidi ya miaka mia moja. Huyu anavumilia usahaulifu wa mwenye nyumba kuliko mwenzake. Chotara wa Streptocarpus wa Afrika Kusini wenye majani marefu, waliouzwa kwa bei kubwa kuliko wote, walikuwa wamelegea kwa joto, hao sikuwagusa.

Kwa mwenye dirisha la kivuli, Saintpaulia ya duka hili inafaa, mradi akibandue kibandiko na abadilishe udongo siku hiyo hiyo. Mwenye baraza na mkono mzito wa kumwagilia aende moja kwa moja nyuma ya duka.