Mkopo wa nyumba: nililipa ziada, deni likabaki palepale

Na riba sina ugomvi. Niliiona, nikaihesabu, nikaisaini. Kilichonikera ni kile mkopeshaji wangu alichoifanyia fedha ya ziada niliyoipeleka kupunguza deni, na jibu nililopewa nilipouliza. Ujumbe wa simu ulikuja kwamba malipo yamepokelewa. Taarifa ya mkopo ilipotoka, deni la msingi (mkopo wenyewe, bila riba) lilikuwa lilelile ambalo lingekuwepo hata kama nisingeongeza senti. Chini yake ulikuwepo mstari mpya: "marejesho ya mbele". Kwa maneno mengine, fedha imewekwa pembeni, kila mwezi wanachota humo rejesho la kawaida, na riba inaendelea kuhesabiwa juu ya deni zima kana kwamba sijaleta kitu.

Afisa mikopo hakuinua hata macho kutoka kwenye skrini. "Bosi wangu, mfumo ndivyo ulivyo. Wenzako huwa wanafurahi wakikuta wameshalipiwa miezi ya mbele."

Wanafurahi! Hakuna aliyewaonyesha hesabu, kwa nini wasifurahi?

Basi niionyeshe mimi. Tarakimu zangu nazihifadhi, nitatumia za duara. Chukua mkopo wa milioni 100, kwa fedha ya nchi yoyote, riba isiyobadilika ya asilimia 12 kwa mwaka inayohesabiwa kwenye salio linalopungua, yaani kwenye deni lililobaki kila mwezi, muda miaka 20. Rejesho la mwezi ni 1,101,086. Zidisha mara 240 unapata milioni 264.26. Hiyo ndiyo jumla halisi unayorudisha ukikopa milioni 100 kwa masharti hayo, kabla ya kugusa ada na bima.

Rejesho la kwanza linagawanywa hivi: asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi, na asilimia 1 ya milioni 100 ni milioni 1. Hiyo yote ni riba. Zinazobaki, 101,086, ndizo zinazokwenda kupunguza deni. Mwezi wa pili riba inashuka kwa 1,011 tu. Ukimaliza miaka 5 umeshatoa milioni 66 na ushee, na deni limeshuka kutoka milioni 100 hadi milioni 91.74. Ukifika miaka 10, nusu ya muda, bado unadaiwa milioni 76.75. Rejesho la kwanza ambalo zaidi ya nusu yake inakwenda kwenye deni ni la 172, yaani mwaka wa 15. Hapo hakuna aliyekuibia. Kila mkopo wa aina hii unatembea hivyo, popote ulipo. Ndiyo maana fedha ya ziada inayoletwa miaka ya mwanzo ina nguvu kuliko watu wanavyodhani: inakata deni la msingi, na riba yote ambayo kipande hicho kingezaa kwa miaka iliyobaki haizaliwi tena.

Ila lazima iingizwe mahali pake. Tuseme mwisho wa mwezi wa 24, deni likiwa milioni 97.27, unaleta milioni 10 za ziada. Mkopeshaji anaweza kuziingiza kwa njia tatu.

Ya kwanza, anashusha deni hadi milioni 87.27, anaacha rejesho palepale, muda unafupishwa. Marejesho 216 yaliyokuwa yamebaki yanakuwa 159, na la mwisho ni kipande kidogo tu. Riba unayookoa ni karibu milioni 53.7.

Ya pili, anashusha deni lakini anaacha muda palepale na kupunguza rejesho, linakuwa kama 987,900 kwa mwezi. Mfuko unapumua kidogo. Riba unayookoa ni milioni 14 na nusu kasoro.

Ya tatu ndiyo niliyofanyiwa mimi. Milioni 10 zinatosha marejesho 9 na chenji. Kwa miezi 9 hutoi kitu mfukoni, riba inakatwa kama kawaida, na ulichookoa ni sifuri. Kibaya zaidi, fedha iliyolala kwenye akaunti ya kusubiria hailipwi riba yoyote. Wewe unamkopesha mkopeshaji bure huku yeye akikutoza asilimia 12 kwa deni ambalo fedha ya kulipunguza anayo mkononi.

Milioni 53, milioni 14, sifuri. Fedha ileile, siku ileile, dirisha lilelile. Ukiniambia huo ni "mfumo", nitakuuliza ni nani aliyeuagiza ufanye hivyo, maana kompyuta haijui kuchagua njia inayomnufaisha mkopeshaji peke yake bila kuambiwa.

Na si kwamba sikueleza. Kwenye fomu ya malipo pana sehemu ya madhumuni. Niliandika wazi kwamba ni malipo ya kupunguza deni la msingi, muda ufupishwe, rejesho libaki. Fomu ina muhuri wao. Nilipoiweka mezani afisa akaigeuza pande zote mbili, akasema sehemu ile "ni ya kumbukumbu tu", na kwamba ilitakiwa barua tofauti kwa meneja. Barua hiyo haitajwi popote kwenye mkataba. Nikaiandika hata hivyo.

Niwatendee haki kidogo. Baada ya malalamiko ya maandishi, fedha ilihamishwa kutoka kwenye marejesho ya mbele kwenda kwenye deni, na hawakunitoza adhabu ya kulipa mapema. Wapo wakopeshaji wanaodai asilimia fulani ya kile unacholipa mapema, au riba ya miezi kadhaa. (Hata hivyo usiiogope kabla ya kuihesabu: ada ya asilimia 2 kwenye milioni 10 ni laki 2, na upande wa pili pana milioni 53.) Tena riba yao wanaihesabu kwenye salio linalopungua kweli, nimehakiki mwezi kwa mwezi. Anayekutangazia asilimia 12 inayohesabiwa juu ya mkopo wa awali mpaka mwisho anakutoza milioni 240 za riba kwa miaka 20. Rejesho ni 1,416,667, na ukiigeuza kuwa riba ya salio linalopungua inazidi asilimia 16. Asilimia 12 mbili zimeandikwa kwa wino mmoja, na pengo kati yake ni zaidi ya milioni 75. Kwa hiyo nilikuwa tayari kuwapa nyota tatu na kuyaacha yapite.

Halafu jedwali jipya la marejesho likaja. Wameingiza fedha kwa njia ya pili! Rejesho limeshushwa, tarehe ya mwisho ya mkopo haijasogea hata siku moja. Na tarehe waliyoitambua ni ile ya kuhamisha, siyo siku waliyopokea fedha, hivyo riba ya kipindi chote ilipokuwa imelala kwao imebaki kwangu. Nilipopiga simu nikaambiwa nishukuru, maana "rejesho limekuwa nafuu". Nyota tatu zimefutwa.

Anayetaka kulipa ziada kwa mkopeshaji yeyote afanye hivi. Kwanza atafute kifungu cha malipo ya mapema kwenye mkataba na asome mambo manne: kiwango cha chini kinachokubaliwa, taarifa inatakiwa siku ngapi kabla, ada ni asilimia ya nini, na nani mwenye haki ya kuchagua kati ya kufupisha muda na kupunguza rejesho. Kifungu kikinyamaza kuhusu hilo la nne, usipeleke fedha mpaka upate jibu la maandishi. Jibu la mdomo la dirishani halina thamani.

Pili, lipa siku moja au mbili baada ya rejesho la mwezi kukatwa. Malipo kwa kawaida yanamezwa kwa mpangilio: adhabu, ada, riba iliyokwisha kulimbikizwa, ndipo deni la msingi. Ukileta ziada katikati ya mwezi, au una kiporo cha adhabu ya kuchelewa hata kidogo, sehemu ya fedha inaishia njiani. Omba kwanza maandishi ya salio la siku hiyo, usitegemee taarifa ya mwezi uliopita.

Tatu, andika barua fupi yenye sentensi isiyo na mlango wa kutokea: "Kiasi hiki kipunguze deni la msingi kuanzia tarehe ya kupokelewa; rejesho la mwezi libaki kama lilivyo; muda wa mkopo ufupishwe; kisichukuliwe kuwa marejesho ya mbele." Nakala yako igongwe muhuri na tarehe.

Nne, dai jedwali jipya na ulihakiki mwenyewe. Huhitaji mtaalamu. Salio zidisha kwa riba ya mwaka, gawanya kwa 12. Jibu lilingane na riba ya mwezi unaofuata. Rejesho toa riba hiyo ni kiasi ambacho deni litapungua. Kwenye Excel, fomula ya NPER itakupa idadi ya marejesho yaliyobaki: kwa mfano wetu, =NPER(0.01,-1101086,87270000) inaleta 158 na nukta. Wakikuletea 216, umeshajua walichofanya. Riba ikizidi kidogo hesabu yako kila mwezi, uliza wanagawanya mwaka kwa siku ngapi. Wapo wanaogawanya kwa 360 huku wakitoza siku 365, na asilimia 12 inakuwa 12.17 bila mtu kutamka neno.

Gharama nyingine nazipitia haraka. Ada ya kuandaa mkopo ikijumlishwa ndani ya mkopo badala ya kulipwa taslimu, inazaa riba kama deni lolote: asilimia 2, yaani milioni 2, inakugharimu karibu milioni 5.3 mpaka mwisho. Bima ya maisha ya mkopaji, ulizia kama inahesabiwa kwenye mkopo wa awali au kwenye salio. Ikiwa ni mkopo wa awali, mwaka wa 18 utakuwa unalipia kinga ya deni ambalo sehemu yake kubwa haipo tena. Ukipunguza deni kwa malipo ya ziada, dai bima nayo ishuke. Kuna mthamini, mwanasheria, usajili wa rehani, na mwishoni kuna ada ya kuiondoa rehani kwenye hati, ambayo wengi wanaisikia siku wanayokwenda kuchukua hati yao.

Muda ndio unaowapofusha watu zaidi. Kwa mkopo uleule, miaka 25 rejesho ni kama 1,053,200, miaka 30 ni kama 1,028,600. Unapunguziwa 24,600 kwa mwezi, na unaongeza milioni 54 kwenye jumla. Ukirudi kinyume, kutoka miaka 20 hadi 15, unaongeza 99,000 kwa mwezi na unaokoa milioni 48. Afisa akikwambia "tukurefushie iwe nafuu", mwombe akuandikie jumla zote mbili kwenye karatasi moja. Ni kweli kwamba thamani ya fedha hushuka na milioni ya mwaka wa 25 si nzito kama ya leo, na anayebanwa na kipato hana budi kurefusha. Lakini aamue akiziona tarakimu, na mkataba umruhusu kulipa ziada kwa njia ya kwanza.

Wenye riba inayobadilika wawe macho zaidi. Riba ikipanda kutoka 12 hadi 14 mwisho wa mwaka wa pili, rejesho linalotosha kumaliza kwa wakati linakuwa kama 1,235,700. Baadhi ya wakopeshaji, ili mteja asishtuke, wanaacha rejesho la zamani. Sasa hesabu: asilimia 14 ya milioni 97.27, gawanya kwa 12, ni takriban 1,134,800 za riba peke yake. Unalipa 1,101,086. Pungufu ya zaidi ya 33,000 inarudi kwenye deni. Unalipa kila mwezi bila kukosa na deni linapanda. Ukipata ujumbe kwamba riba imebadilika lakini rejesho halijabadilika, piga hiyo hesabu siku hiyohiyo.

Je, ningemshauri mtu akope kwao? Mkopo wenyewe ni wa haki kuliko mingi niliyoichambua, na hilo ndilo linaloniudhi: wana bidhaa nzuri, wanaiharibu dirishani. Mwenye mpango wa kulipa rejesho la kawaida mpaka mwisho bila kuongeza kitu, nyota tatu, pengine nne. Mwenye mpango wa kulipa ziada apite mbali, au aende na barua yake mkononi. Ombi langu la kurudisha rejesho la zamani na kufupisha muda liko kwenye "kamati", na ombi la riba ya kipindi kile halijajibiwa kabisa. Kwa leo ni nyota moja.